Mlango Ambao Baba Hakuufungua

Kwenye kibanda chetu cha jibini hapakuwa na saa. Binamu mmoja aliwahi kutuletea ya ukutani kutoka Goma, nyekundu, inayotoa mlio kila sekunde, na baba akamrudishia siku hiyohiyo pamoja na robo ya jibini ya kumpoza moyo. Alimwambia kwamba mvuke ungeiharibu. Uongo mtupu. Baba aliiona ile saa kama tusi, kwa sababu alikuwa na yake, na yake alikuwa nayo mdomoni.

Jibini, fromaji kama tunavyoiita huku Masisi, haitaki haraka wala uvivu. Unapasha maziwa moto mpaka kiwiko chako kisisikie baridi wala joto, unatia dawa ya kugandisha, unakoroga kidogo, halafu unaacha. Kazi ngumu ni huko kuacha. Ukikata mapema, maji hubaki ndani, na baada ya wiki tatu unakuta kitu kichachu, laini katikati, kimepasuka ukingoni. Ukichelewa, unapata soli ya kiatu. Kati ya mapema na kuchelewa kuna nafasi ndogo sana, na nafasi hiyo baba aliipima kwa hadithi.

Ilikuwa hadithi moja tu, ileile, neno kwa neno, kila asubuhi tangu sijaota meno ya pili. Aliianza dawa ilipoingia kwenye maziwa. Neno la mwisho lilipotoka alisema "Kisu!", akapewa kisu kirefu, akakata. Majirani waliotuletea maziwa yao kwa bidoni, yale madumu ya njano, waliijua sheria: hadithi ikianza, hakuna kukatiza. Ukitaka kukohoa, toka nje ukakohoe na ng'ombe.

Hadithi yenyewe ilitoka shimoni. Kabla hajaoa, baba alikwenda Walikale kuchimba madini msituni, kama vijana wengi wa rika lake. Kule chini hakuna asubuhi wala jioni. Walipima muda kwa tochi: unaingia na betri mpya, na mwanga ukianza kuwa mwekundu, siku yako imekwisha, panda juu. Siku moja betri zake zilikufa mapema, na udongo ukaporomoka ukaziba njia aliyoingilia. Alikaa gizani bila kujua kama imepita saa moja au siku nzima. Ili asipige kelele akamaliza pumzi, akaanza kutunga nchi. Wenzake walipomtoa alikuwa amekwisha kuitunga yote, isipokuwa mwisho.

Nchi hiyo iko juu ya ukungu, juu zaidi ya malisho yetu ya mwisho, na ng'ombe wake hawatoi maziwa. Wanatoa saa. Kila alfajiri watu hukamua, na kila nyumba hujaza kibuyu chake: saa za kulima, za kupika, za kugombana na jirani, za kulala. Mwenye ng'ombe wengi ana mchana mrefu. Mjane mwenye ng'ombe mmoja aliyekonda hajamaliza kufagia ua, jua limekwisha kuzama.

Ndipo anapotokea fundi. Fundi huyo aligundua kwamba saa ikitiwa kwenye chungu na kupashwa moto, inawaka. Saa moja tu iliangaza nyumba usiku kucha, ingawa kesho yake mwenye nyumba aliikosa asubuhi. Alitoka kitandani akajikuta mchana. Watu walicheka, wakasema si neno. Fundi akawaza makubwa. Kama saa moja inaangaza nyumba moja, basi saa za nchi nzima zikichemshwa pamoja zitaondoa giza lote, na nguvu itakayobaki itasaga mahindi na kupandisha maji kilimani. Akawaomba watu vibuyu vyao. Wakamletea vyote, maana nani hataki mwanga? Akavimimina kwenye sufuria moja, akajifungia ndani ya kibanda chake, akawasha moto.

Saa zikawaka adhuhuri, na jua likasimama juu ya paa la fundi. Hapo baba alishusha sauti. Mwanga ulikuwa mwingi mpaka vivuli vikafutika. Mawe ya kusagia yalizunguka yenyewe. Lakini bibi aliyeinjika maharage alisubiri yaive, na hayakuiva, kwa sababu kuiva kunataka saa. Mama aliyeshikwa na uchungu wa kuzaa alibaki na uchungu wake. Msichana aliyekwenda mtoni alibaki na mguu mmoja hewani. Fundi peke yake, kwa kuwa alikuwa karibu na sufuria, aliweza kusogea. Aliwasikia watu wanamwita. Akatembea polepole kwenye ule mwanga.

"Fundi akaweka mukono ku mulango," baba alimalizia. "Kisu!"

Basi. Kesho tulianza upya na ng'ombe. Baba alinichapa mara moja tu maishani mwangu, na ni kwa sababu nilipokuwa na miaka saba hivi niliuliza, "Kisha?" Kofi lilitua kabla sijafunga mdomo. Sikuuliza tena, ila nilikua nikiwa na ule mlango kichwani, na nakiri kwamba nilimwekea baba kinyongo kwa ajili yake kwa muda mrefu.

Mambo ya kusikitisha yalianza mwaka niliorudi nyumbani. Nilikuwa nafundisha shule ya msingi upande wa Mweso, na madarasa yetu yalijaa familia zilizokimbia vijiji vyao, mikeka mbele ya ubao, masufuria chini ya madawati. Mwalimu bila darasa ni mzigo kwa mwenye nyumba aliyempangisha. Nikarudi kwa wazazi nikajifunga kanga, nikawa mwenye kuosha vyombo, kuchochea moto na kumpa baba kisu. Nilikuwa na digrii na hasira, na vyote viwili havikunisaidia kusugua sufuria.

Jibini ya kwanza iliharibika wiki chache baadaye. Tulisema ni maziwa ya jirani mmoja, huenda ng'ombe wake anaumwa kiwele. Ya pili ikaharibika vilevile: imepasuka ukingoni, chachu, inanuka. Majirani walianza kuniuliza mimi habari za baba badala ya kumuuliza mwenyewe, na hilo lilinichoma kuliko ile harufu.

Kisha akaja mama wa lori. Ndivyo tulivyomwita, mfanyabiashara mmoja Mkatoliki aliyetoka upande wa Butembo, mwenye rozari kwenye kifundo cha mkono na lori lililokuwa likibeba jibini za kilima chetu chote hadi Goma, pale njia inapopitika. Hakuwa mtu mbaya. Ingekuwa rahisi kwangu kama angekuwa mbaya. Alisimama mlangoni kwa baba, viatu vimejaa tope, akaongea kwa heshima.

"Papa, miye sikuya kukuhukumu. Lakini fromaji mbili zimeharibika, na bantu ya Goma banairudisha. Ile ya tatu nitaiangalia miye mwenyewe, kuanzia maziwa. Kama inaharibika tena, mutafute mukono ingine kwa ile sufuria, ao nitabeba ya wale ya ng'ambo ya kilima."

Majirani waliokuwa wamekaa pale hawakumpinga. Baba alitabasamu.

"Karibu, mama. Kuya siku ya ine. Utaona na macho yako."

Niliosha vyombo siku ile nikiwaza maneno ya yule mama. Kwa baba, sufuria haikuwa kazi tu. Alikuwa hana ng'ombe tena, waliibwa wakati mmoja tulipokimbia. Shamba la maharage lilikuwa la mama, huko njia ya Ngungu, na lilikuwa linaendeshwa na mama. Watu walipomwita Papa kwa ile sauti ya kunyenyekea, walimwita kwa sababu ya ile sufuria. Wakimwondoa pale angebaki mzee wa kukaa kwenye jua akisalimia wapita njia.

Asubuhi iliyofuata nilimsikiliza kama mwalimu anavyomsikiliza mwanafunzi anayesoma kwa sauti. Ng'ombe wakakamuliwa, fundi akatokea, vibuyu vikaletwa. Sufuria, moto, adhuhuri. Mama wa uchungu. Kisha mlango, kisha "Kisu!" Nilimpa kisu. Bibi wa maharage hakuwemo. Msichana wa mtoni hakuwemo. Mjane wa ng'ombe mmoja, ambaye baba alikuwa akimwigiza mpaka majirani wanacheka, hakuwemo pia. Na baba hakujua.

Nilishuka kwenye barabara ya kuelekea Masisi, mahali ambapo pikipiki hupita kwa nadra, nikajisimulia hadithi nzima kwa sauti, na mjane na bibi na msichana, huku simu inahesabu. Dakika arobaini na mbili. Siku ya pili nikampima baba kwa siri, simu ikiwa ndani ya kanga. Dakika ishirini na nane. Nilikaa nje ya kibanda nikalia, kisha nikanawa uso kwa maji ya bidoni ili nisionekane.

Nilimfuata mama shambani, nikamweleza. Aliendelea kung'oa majani, wala hakushtuka.

"Miye nilijua zamani," alisema. "Aliweka chumvi mara tatu mu maharage, kisha akaniuliza kama chumvi iko. Njo vile inaanzaka."

"Sasa juu ya nini haukusema?"

"Nimuambie nani? Wewe ulikuwa Mweso." Akanyoosha mgongo, akanitazama kwa ukali. "Usimupatishe haya mbele ya bantu. Hata kama maziwa yote inamwagika. Unasikia?"

Nilimwahidi. Na nikapanga hila yangu, maana mimi si mtu wa kukaa nikingoja mabaya yanifuate. Siku ya majaribio ningeficha kisu. Baba akimaliza hadithi mapema na kusema "Kisu!", ningekitafuta huku na huku, ningemlaumu panya, ningejilaumu mwenyewe, ningejifanya mjinga mpaka simu itikisike mfukoni na dakika arobaini na mbili ziishe. Watu wangesema binti wa mzee ni mzembe, na hilo ningelibeba bila taabu.

Siku ya nne ilikuja na baridi. Ukungu ulilala chini kabisa, ng'ombe wa jirani ungewasikia bila kuwaona. Mama wa lori alifika mapema, akakaa juu ya bidoni iliyogeuzwa, rozari mkononi. Majirani watano walijipanga ukutani. Mama yangu alisimama mlangoni, nusu ndani nusu nje, akanikata jicho mara moja tu. Kisu kilikuwa chini ya gunia tupu la chumvi, pembeni ya mguu wangu.

Baba alikuwa amevaa shati lake la misa. Alitia kiwiko kwenye maziwa, akaagiza kuni mbili zitolewe motoni, akatia tena kiwiko. Akatia dawa. Nikagusa simu mfukoni. Akaanza.

Sijawahi kumsikia akisimulia vizuri kama asubuhi ile. Mjane alirudi, na mama wa lori akacheka mpaka akajiziba mdomo. Ng'ombe walirudi wote. Vibuyu vililetwa kimoja kimoja, vya matajiri na vya maskini, na fundi akavimimina. Nikaanza kujilaumu kwa kuficha kisu. Nilijiambia kwamba alikuwa amechoka tu siku zile, kwamba yatosha mtu kuvaa shati la misa ili kila kitu kimrudie.

"Jua ikasimama juu ya nyumba ya fundi," baba alisema. Akataja mwanga, akataja mawe ya kusaga, akataja bibi na maharage. Akataja mama wa uchungu. Akanyamaza kidogo, kama anayevuta pumzi. "Jua ikasimama juu ya nyumba ya fundi," alisema tena.

Nilidhani anatia utamu. Akataja mwanga, mawe, bibi, mama wa uchungu. Akanyamaza. Alitazama juu ya paa letu la mabati.

"Jua ikasimama juu ya nyumba ya fundi."

Mama wa lori aliacha kuhesabu rozari. Jirani mmoja alikohoa humohumo ndani, na hakuna aliyemtoa nje. Mara ya nne baba alikwenda mpaka kwa msichana wa mtoni, nikakaza vidole kwenye kanga nikimsukuma kwa moyo, haya, Papa, sasa fundi, sasa mlango, na yeye akamwacha msichana na mguu wake hewani, akarudi kwenye jua. Nilikuwa nimejiandaa kwa hadithi fupi. Kwa hii isiyokwisha sikuwa na hila yoyote.

Simu ikatikisika mfukoni mwangu. Dakika arobaini na mbili. Maziwa yalikuwa yamelala kwenye sufuria, meupe, hayasemi kitu, na kila pumzi yalikuwa yanazidi kuganda. Sikuwa najua kuyasoma kwa kuyatazama. Baba mwenyewe alikuwa ameacha miaka mingi kuyapima kwa kidole, kwa kiburi cha hadithi ambayo haijawahi kukosea. Jasho lilimtoka kwenye ile baridi. Alianza jua kwa mara ya tano, na katikati ya maneno akanigeukia.

Nilimwona. Siwezi kueleza vingine. Nilimwona yule kijana wa Walikale aliyezimikiwa na tochi, anayejua kwamba njia iko mahali fulani karibu na mkono wake na hawezi kuigusa. Alijua amepotea. Alikuwa ananiomba, na hakuwa na maneno ya kuombea isipokuwa yaleyale.

Mama yangu alitikisa kichwa mlangoni. Nilimwona na yeye. Nikavunja ahadi.

"Fundi akaweka mukono ku mulango," nilisema kwa sauti.

Kibanda kizima kikanigeukia. Nilingoja aseme "Kisu!" Neno moja tu, nilikuwa nimemfikisha mpaka pale, kilichobaki ni neno moja. Baba alinitazama kwa makini, mdomo wazi kidogo, kama mtoto.

"Kisha?" aliuliza.

Hakuna mtu aliyewahi kuuliza hivyo mle ndani isipokuwa mimi, na nilijua nililipwa nini. Watu wote walikuwa wanangoja, na maziwa yalikuwa yanangoja, na mimi sikuwa na kitu cha kusema isipokuwa kile nilichokitaka tangu nina miaka saba.

"Kisha akafungula," nikasema. "Mulango ikafunguka, Papa."

"Apana!"

Aliruka kutoka kwenye kigoda. Mama wa lori naye akasimama. Baba alininyooshea kidole, na sauti yake ilikuwa ile ya zamani, imara, haina ukungu hata kidogo.

"Ile mulango haifungukake! Saa zote ziko mule ndani. Ukifungula, zinamwagika mara moja juu ya bantu. Mutoto anakuwa muzee pale pale amesimama. Mama anazaa muntu wa mvi. Njo maana fundi anaweka mukono tu. Anaweka mukono, anangoja. Miye sikufungulaka hata siku moja!"

Akaitazama mikono yake, upande huu na upande huu. Akatazama shati lake, watu ukutani, mkewe mlangoni. Nafikiri ndipo alipoelewa wamekuja kufanya nini na wameona nini. Sijui kama ni mwanga wa asubuhi uliokuwa unaingia, lakini mbele ya macho yangu uso wake ulizeeka, kwa muda ule mfupi wa kuniuliza swali.

"Umefungula, mutoto yangu?"

"Nimefungula, Papa."

Kuni zililia motoni. Nilitamani ardhi inimeze, na nilitamani imeze na bidoni na rozari na kila aliyekuwa na macho. Jirani mmoja akanong'ona kwamba sasa maziwa yamekwisha kuharibika, ni muda mrefu mno. Baba alisogea kwenye sufuria. Akakunja mkono wa shati, akachovya kidole cha shahada, akakiinua taratibu, akatazama jinsi maziwa yalivyopasuka.

"Bado," alisema.

"Papa, ni muda mrefu," jirani akasema.

"Leo baridi iko mingi. Bado."

Tukangoja bila hadithi. Sikumbuki kungoja kurefu kama kule. Nilisikia maji yakidondoka kutoka kwenye mabati, nikamsikia mama wa lori akisali chini kwa chini, sijui kwa ajili ya nani. Simu yangu ilikuwa imenyamaza zamani. Baba alisimama juu ya sufuria, hakuketi, hakumtazama mtu. Akachovya tena. Safari hii maziwa yalipasuka mstari mmoja safi, na maji ya kijani yakajaa polepole kwenye ufa.

"Kisu."

Ndipo nikakumbuka. Niliinama mbele ya watu wote, nikainua gunia la chumvi, nikakitoa. Baba alitazama gunia, akanitazama mimi, akapokea kisu. Akakata kwa urefu, akakata kwa upana, kila mstari umenyooka.

Wiki tatu baadaye mama wa lori alirudi. Aligonga jibini kwa fundo la kidole, akaisikiliza, akakata kipande, akakitafuna huku amefumba macho. Hakuna ufa. Hakuna uchachu. Nilisimama pale nikitabasamu kama mpumbavu, nikidhani tumeshinda.

"Fromaji iko muzuri sana," alisema. "Miye nitabeba zote za ile siku." Kisha akashusha sauti, akanigeukia mimi. "Lakini kwa sufuria, dada, asimame wewe. Papa apumuzike."

Majirani waliitikia kwa vichwa. Niliwaka. Nilimwambia kwamba jibini aliyokuwa anaitafuna imetoka kwenye kidole cha yule yule mzee, kwamba sote tuliosalia pale, mimi na simu yangu, tungeikata mapema tukaiua. Alinisikiliza mpaka mwisho. Alisema anajua, aliona. Na aliona na mengine pia. Baba alikuwa amekaa kwenye kigoda chake na alisikia yote. Alivua kitambaa cheupe cha kuchujia alichokuwa amekitupia begani, akakikunja mara nne, akaniwekea mikononi.

Mama yangu hakusema nami siku kadhaa. Sikumlaumu. Nimelifikiria jambo hili kila ninapoosha ile sufuria, na silimalizi. Ningefyata ulimi, maziwa yangeharibika na baba angeondolewa vilevile. Lakini angeondoka akiwa mtu ambaye jibini yake imeharibika, na hilo hutokea kwa kila mtu. Mimi ndiye niliyewaonyesha kwamba kilichoharibika si jibini. Mpaka leo naona haya, na hakuna aliyeniomba niione.

Sasa ni mimi ninayesimulia. Ng'ombe wa saa, mjane, fundi, vibuyu, adhuhuri. Nafika mlangoni, naweka mkono, nasimama hapo. Sijaenda mbele zaidi tangu siku ile, na mtoto yeyote akiuliza "Kisha?" namwambia akachote maji. Simu iko mfukoni, imepangwa dakika arobaini na mbili, kwa sababu mimi si baba na siamini mdomo wangu.

Baba anakaa karibu na moto, blanketi magotini. Kuna siku ananiita kwa jina langu, na kuna siku ananiita mama ya sufuria na kuniuliza kwa adabu kama nimemwona binti yake, aliye mwalimu huko Mweso. Namwambia yu njiani. Wiki hii hajaongea tangu Jumapili, hata na mama.

Asubuhi ya leo ukungu ulikuwa chini tena. Nilisimulia yote, sikuruka mtu. Simu ikatikisika. "Fundi akaweka mukono ku mulango," nikasema, nikanyoosha mkono kuchukua kisu.

"Bado," baba akasema, hajainua macho kutoka motoni.

Nikarudisha mkono, nikakaa chini karibu naye, tukangoja.